Kiwimbi cha Ukurasa wa Arobaini na Moja

Sasa hivi tu Sóc, binti yangu wa miaka minne, amefungia kiazi chake ndani ya wasifu wa Baba Mkubwa Khoát. Nilikuwa nimeuandika vizuri, kwa wino, kuanzia tarehe. Nikageuka kidogo kuokota uzi, na niliporudi kiazi kilikuwa kimeviringishwa vizuri kama mwali, miaka thelathini na minane ya utumishi inafuka mvuke. Nikamuuliza, mama, kwa nini? Akasema kiazi kilikuwa kinasikia baridi. Ni mwisho wa Juni, mji mzima wa Nam Định unatoka jasho, hata gundi yetu ya majalada imekataa kukauka. Basi naanza upya, na mkiona harufu ya kiazi kwenye maneno yangu mnajua imetoka wapi.

Ndugu Bùi Đình Khoát, msahihishaji wa Kiwanda cha Uchapaji cha Bến Dâu, anastaafu leo Ijumaa, tarehe 28 Juni 1996, baada ya kututumikia kwa miaka thelathini na minane, miezi mitatu na siku ishirini na tano. Siku ishirini na tano hizo ni zake mwenyewe. Mimi nilimwambia itatosha kuandika miaka thelathini na minane na ushei. Akavua miwani, akaipangusa kwa pindo la shati, akaivaa tena, akaniuliza, "Ushei ni siku ngapi, mwanangu?"

Mimi ni Ngát, wa chumba cha kushona vitabu. Shule niliiacha darasa la saba, na mambo ya kuandika wasifu ni ya watu wa ofisini. Lakini Shangazi Nhàn wa chama cha wafanyakazi alinijia mezani akasema, "Wakubwa wataandika barua ya shukrani, itakuwa na mihuri. Wewe tuandikie mtu." Kwa hiyo naandika, na kila ninapomaliza karatasi moja Shangazi anaikwapua anaipeleka chini kwa Fundi Tuất aipange kwa herufi, maana sherehe ni saa tisa na kijitabu lazima kiwe mikononi mwenu kabla ya chai na kashata za karanga. Baba Mkubwa haruhusiwi kukiona mapema. Hiki kitakuwa kitu cha kwanza kutoka kiwandani kwetu tangu mwaka 1958, ukitoa miaka miwili nitakayoifikia, bila kupita machoni pake. Baba Mkubwa, najua uko kiti cha mbele. Irudishe hiyo kalamu nyekundu mfukoni.

Alikuja hapa akiwa kijana wa miaka ishirini na miwili, ametoka jeshini na begi moja la mgongoni, kuomba kazi ya kubeba karatasi. Hakuingia. Alisimama getini anaangalia kibao chetu, mpaka mlinzi akamuuliza kama hajui kusoma. Akajibu kwamba tatizo ni kuwa anajua. Fundi rangi alikuwa ameichora ile D ya Dâu kijiti tumboni, na kijiti hicho kimoja kilitosha: badala ya Gati la Mforosadi, kibao kilisema Gati Liko Wapi. Miaka miwili wafanyakazi walikuwa wanapita chini yake asubuhi na jioni, na hakuna aliyeona. Mkurugenzi wa wakati ule alitoka kumfukuza, akainua macho, akasoma, akarudi ndani. Siku ya pili yake Baba Mkubwa alipewa meza, taa na kalamu nyekundu. Meza ni ileile. Taa imebadilishwa. Kalamu nyekundu, Shangazi Nhàn anasema zimekwenda za kutosha kupaka daraja rangi.

Kwa wale vijana wa mitambo mipya ambao hawajui msahihishaji anafanya nini, nieleze. Wanakaa wawili. Mmoja ameshika mswada, anasoma kwa sauti kila kitu kilichomo, mpaka mkato na nukta anazitaja kwa majina. Mwingine ameshika karatasi iliyochapwa, anafuata kwa kidole. Baba Mkubwa amesoma hivyo kwa muda mrefu mpaka ugonjwa umemwingia ulimini. Siku ya harusi yangu alisimama kututakia heri akasema, "Wanangu, mkato, mpendane, nukta." Ukumbi mzima ulilala kwa kicheko. Yeye hakujua tunachekea nini, akatusubiri tumalize, kisha akafungua mabano.

Nilipoandika barua ya kuomba ruhusa ya kujifungua, aliipata kabla ya mkuu wangu. Ilinirudia na alama mbili nyekundu. Nikaiandika upya nimeshika kiuno, na usiku huohuo Sóc akazaliwa, likizo ikiwa imeandikwa sawasawa. Tangu hapo kila mchana, nikila wali wangu, ananipa ukurasa mmoja wa kusoma na kuutafutia makosa. Mwanzo nilikuwa naona mawili katika kumi. Sasa naona tisa. Lile la kumi anasema ni lake, nisimnyang'anye.

Habari za vita nimezipata kwa Shangazi Nhàn, kwa sababu mimi nilikuwa bado sijazaliwa. Ndege zilipoanza kupiga mji, kiwanda kilihamishiwa mashambani, herufi zote za madini ya risasi zikapandishwa kwenye mikokoteni ya ng'ombe. Mkokoteni mmoja ulipinduka kwenye tuta, masanduku mawili yakamwagika ndani ya shamba la mpunga. Watu walitaka kuondoka, mawingu yalikuwa yanafunguka na ndege zingerudi. Baba Mkubwa alikunja suruali akaingia kwenye tope. Akaazima nyungo za akina mama wa kijiji, akawasimamisha watu ishirini mstari mmoja wanapepeta matope kama mchele. Walipata konokono, walipata kaa, walipata herufi. Kufika jioni herufi zote zilikuwa zimerudi kwenye masanduku isipokuwa alama ya kuuliza. Hiyo haikuonekana. Kwa miezi mitatu hakuna kitabu chetu hata kimoja kilichouliza swali, na hakuna mtu yeyote wa juu aliyelalamika.

Kitabu cha kwanza walichochapa huko, chini ya paa la makuti, kilikuwa cha vita. Vitabu vyetu vya miaka ile Baba Mkubwa anavigawa mafungu matatu, na ukimkuta ana chai nzuri mkononi atakuhesabia: vya maisha, vya vita na vya ndoto. Vya maisha vilisema tumeshiba. Vya vita vilisema tumeshinda. Vya ndoto, anasema, vilikuwa vyembamba, tulivishona kwa pini mbili tu. Ameshasahihisha zaidi ya mia tisa katika mafungu yote hayo, na nishani ya kazi anayo, ameitundika jikoni juu ya chungu cha wali kwa sababu mkewe anasema huko ndiko anakopita mara nyingi.

Vita vikaisha, ikaja miaka ya kuponi za mgawo, ambayo mimi naikumbuka kwa tumbo. Nyama ilikuwa kwa foleni, na foleni ilikuwa kwa matofali: unaandika jina lako kwenye tofali, unaliweka mstarini alfajiri, unakwenda zako kazini, tofali linakusimamia. Baba Mkubwa alikuwa anapita na chaki anasahihisha matofali ya watu. Siku moja aliifuta alama aliyoona imezidi kwenye jina la mama mmoja, jina likawa la jirani yake. Jirani akaja akakuta ana matofali mawili, akamshukuru Mungu, akachukua nyama mara mbili. Yule mama wa kwanza alimfuata Baba Mkubwa mpaka kiwandani na tofali lenyewe mkononi. Wanasema hiyo ndiyo siku pekee aliyowahi kukimbia.

Ndipo akaamua kufuga nguruwe wake mwenyewe, bafuni, ghorofa ya tatu ya jengo la wafanyakazi. Msiseme alikuwa peke yake, jengo zima lilikuwa linakoroma. Lakini wake ndiye pekee aliyekuwa anasomewa. Msahihishaji wa pili alikuwa amehamishwa, na Baba Mkubwa hakuweza kusahihisha bila kuwa na mtu wa kumsikiliza, basi anakaa juu ya ndoo iliyopinduliwa anasoma, mkato, nukta, aya mpya, nguruwe anatikisa masikio. Nguruwe yule alisikiliza riwaya nne za vita na moja ya ushirika wa pamba. Ile ya pamba, mkewe anasema, hakumaliza chakula chake.

Nimemtaja nguruwe kwa makusudi, kwa sababu ndiye aliyebebeshwa lawama ya jambo ambalo nyote mnasubiri nilifikie. Mwaka 1984 tulichapa kitabu cha Lê Quý Trạm, *Ndoto Chini ya Turubai*, cha askari waliokaa msituni miaka mitano. Katika ukurasa wa arobaini na moja kulikuwa na sentensi fupi iliyosimama peke yake: mwaka ule tuliishi kwa ndoto. Hivyo ndivyo kila mtu alivyosema ilipaswa kuwa. Na sisi tunaoshika herufi tunajua: *mơ* ni ndoto, lakini ukiiwekea kiwimbi kimoja juu, *mỡ*, umepata mafuta ya nguruwe. Kitabu kilitoka na kiwimbi. Nchi nzima ikasoma kwamba askari wetu, mwaka wa njaa kuliko yote, waliishi kwa mafuta ya nguruwe.

Barua zikaja kwa kapu. Mama mmoja wa Thái Bình aliandika hivi, Shangazi Nhàn anaijua kwa moyo: "Mwanangu alikuwa jeshini miaka sita na kila barua aliniomba chumvi. Naomba mnijulishe kikosi hiki cha mafuta kilikuwa upande gani." Wanafunzi walichora nguruwe mwenye kofia ya chuma. Halafu akaja mtu wa ofisi moja ya juu, hakucheka, akauliza ni nani anayelidhihaki jeshi, mwandishi au kiwanda.

Kikaitwa kikao cha kujikosoa. Baba Mkubwa alisimama kabla hajaitwa. Akasema, "Ni jicho langu. Sikulala vizuri. Kiwimbi kilinipita." Akaandika kurasa tatu za kujikosoa, na alipokabidhiwa muhtasari wa kikao atie sahihi aliurudisha kwa katibu na makosa kumi na moja yamezungushiwa duara. Miaka miwili mizima akaondolewa kwenye vitabu, akawa anasahihisha tiketi za sinema na fomu za pembejeo. Na jina likamkaa. Mimi naanza kazi hapa nikasikia watu wazima wanaambiana, "Mpelekee Mzee Mafuta." Fundi Tuất ndiye aliyekuwa na maelezo mazuri kuliko wote: mtu anayelala ukuta mmoja na nguruwe, hata ndoto ataisoma mafuta.

Mwaka huu kitabu kile kinachapwa tena. Mkurugenzi wetu mpya ni mtu wa moyo mwema, akawa na wazo. Kazi ya mwisho ya Baba Mkubwa iwe hiyo. Ukurasa wa arobaini na moja ukapangwa upya bila kiwimbi, *ndoto* yenyewe, safi, apewe autie sahihi mwenyewe, na nakala yake tumtilie kwenye fremu tumkabidhi leo mbele yenu. Kosa lake moja tu katika miaka thelathini na minane, alifute kwa mkono wake mwenyewe. Sote tulipiga makofi. Mimi nilipiga kwa nguvu.

Baba Mkubwa alikaa na karatasi ile siku tisa.

Hakuna ukurasa unaokwenda mtamboni bila sahihi ya msahihishaji, mnajua, na sahihi yake inakwisha leo jioni. Mtambo ukasimama. Sisi wa kushona tukakaa tunahesabu sindano. Kila asubuhi Fundi Tuất anapanda ngazi na mikono yake myeusi, "Baba Mkubwa, ukurasa wangu?" na kila asubuhi, "Bado nausoma." "Una mistari ishirini na sita!" "Ndiyo, mkato, na yote naisoma." Watu wakaanza kusema mzee hataki kuondoka. Wakasema anaogopa nyumbani, anaogopa mkewe, macho yamekwisha. Mimi nilisema pia, Mungu anisamehe, nilisema anaringia fremu.

Jumanne nikafikiri, huu wasifu unahitaji maneno mawili matatu ya mwandishi mwenyewe, tucheke kidogo na yale mafuta. Baba Mdogo Trạm anaziba pancha za baiskeli karibu na geti la kiwanda cha nguo. Nikambeba Sóc mgongoni nikaenda. Alikuwa amechutama na mpira wa tairi ndani ya beseni la maji, anatafuta viputo.

"Baba Mdogo," nikasema, "Baba Mkubwa Khoát anastaafu Ijumaa. Tunataka kuandika lile kosa la mafuta. Tupe utani mmoja."

"Kosa la nani?"

"La Baba Mkubwa."

"Amekwambia yeye kuwa ni kosa?"

Nikacheka, nikasema lakini kila mtu anajua. Akautoa mpira majini, akaukausha kwa kifua cha shati lake, hakuniangalia.

"Kaa hapo," akasema. "Mshushe mtoto, mpe hiyo pampu achezee."

Haya ndiyo aliyonieleza, nami nayaweka kama nilivyoyasikia. Katika kikosi chao kulikuwa na kijana anaitwa Sửu, wa kijiji cha wafinyanzi. Mama yake alimtuma vitani na kopo moja la mafuta ya nguruwe, kopo la maziwa lililozibwa kwa nta. Sửu hakuyala. Kila jioni, chini ya turubai, alilifungua, kopo likazunguka mkono kwa mkono, kila mtu akavuta harufu mara moja tu, likafungwa. Wali ulikuwa mtupu, mara nyingi hata wali haukuwepo. Sửu alisema siku ya amani watakaanga vitunguu. Alipokufa, kopo liliendelea kuzunguka. Baba Mdogo Trạm aliandika kurasa mbili kuhusu kopo hilo, na mwisho wake akaandika: mwaka ule tuliishi kwa mafuta ya nguruwe.

"Kwa mafuta," akaniambia. "Kiwimbi ni changu. Niliandika kwa mkono huu."

Mhariri wa wakati ule alizikata kurasa mbili, kwa kuwa jeshi halikutakiwa kuonekana lina njaa. Yeye alizihifadhi, akanionyesha, zimekunjwa ndani ya boksi lake la viraka. "Wakachinja mjusi, wakasahau mkia," alisema Baba Mdogo. Sentensi ikabaki imesimama peke yake, haina kopo, haina Sửu, haina kichwa wala miguu. Ilipofika kwa Baba Mkubwa, aliiona. Bila shaka aliiona, yeye huona mpaka nywele ya mpangaji herufi. Akapanda baiskeli akaenda mpaka nyumbani kwa Trạm, akasimama mlangoni na mswada.

"Hapa juu," akamuuliza, "ni kiwimbi chako au ni inzi amekunya?"

"Ni changu."

"Una hakika?"

"Kaka, nimekibeba kutoka msituni."

"Basi kitabaki." Akageuza baiskeli akaondoka, hata maji hakunywa.

Na kishindo kilipokuja, Trạm alitaka kwenda kwenye kile kikao kusema ukweli. Baba Mkubwa alimwahi tena, safari hii amekunja uso. Wakisikia ni kiwimbi chako, alimwambia, watauliza mafuta gani, utaeleza kopo, watauliza nani alikuwa na njaa, na kitabu kitavutwa kutoka madukani na wewe pamoja nacho. Wakisikia ni jicho langu, watacheka. Kitabu kitabaki.

"Nikamwambia, na wewe je, kaka?" Baba Mdogo alisema. "Akanijibu, 'Wewe una watoto watatu wadogo. Mimi nina nguruwe.'"

Nikamuuliza kwa nini hajasema miaka yote hii, mambo yakiwa yamelegea, kila mtu anasema anachotaka kwenye meza ya bia. Akasema alijaribu mara mbili. Mara zote mbili Baba Mkubwa alimkatalia: "Ukisema, utaniharibia kosa langu pekee."

Halafu aliniambia, "Watoto wangu sasa wakubwa. Wewe andika. Mimi nimechoka kuona mtu mwingine anapigwa makofi yaliyo yangu." Akarudisha mpira majini. Viputo vikatoka mahali palepale alipokwisha kuziba, akatukana kidogo, akaomba radhi kwa Sóc.

Nikarudi nimejua kwa nini ukurasa wa mistari ishirini na sita unasomwa siku tisa. Akitia sahihi *ndoto*, jina lake linatakata mbele ya mji mzima, anapata na fremu, na Sửu anatoka kitabuni kwa mara ya pili, safari hii kwa mkono wa mtu aliyemwacha ndani. Akirudisha kiwimbi, anakwenda nyumbani akiwa Mzee Mafuta mpaka kaburini, mzee aliyekosea mahali pamoja mara mbili, na mara ya pili alionyeshwa kidole kabisa. Na hawezi kueleza, maana alishamwambia Trạm asieleze. Sikumwambia kwamba najua. Mchana huo aliponipa ukurasa wangu wa mazoezi niliona makosa matano tu katika kumi. Akasema, "Leo macho yako yana nini?" Nikasema ni vitunguu.

Leo asubuhi saa moja na nusu alishuka ngazi mwenyewe, amevaa shati jeupe la sherehe, akamkabidhi Fundi Tuất ukurasa. Umetiwa sahihi. Na juu ya lile neno, kwa kalamu nyekundu, kiwimbi. Kimechorwa taratibu, kina mgongo na mkia, huwezi kusema mkono ulitetemeka. Fundi Tuất aliukimbiza ukurasa kiwanda kizima. "Amerudia! Jamani, amerudia! Miaka kumi na miwili, palepale!" Wapangaji herufi wakalala juu ya meza kwa kucheka. Baba Mkubwa alisimama karibu na beseni la kunawia anaosha mikono ambayo haikuwa na uchafu. Nilimwona anatabasamu kidogo pamoja nao. Kisha akapanda ngazi akaanza kupanga meza yake.

Mkurugenzi hakucheka. Alihuzunika, akasema mzee amechoka, tusimwaibishe, mtambo usubiri, kesho asubuhi Baba Mkubwa akishaondoka atautia sahihi yeye mwenyewe na ndoto itarudi mahali pake. Alisema hivyo kwa upendo. Ndiyo maana, Mkurugenzi wangu, kwa heshima zote na kwa shule yangu ya darasa la saba, naandika hapa ambapo kila mtu atasoma: si kosa. Halikuwa kosa mwaka 1984 na si kosa leo. Kiwanda hiki kina msahihishaji ambaye katika miaka thelathini na minane, miezi mitatu na siku ishirini na tano hakukosea kwenye karatasi hata mara moja, akakubali kuitwa aliyekosea. Naomba kiwimbi kiachwe. Fremu itafutiwe picha nyingine.

Na wewe, Baba Mkubwa, najua umekunja uso. Nimeiharibu siri yako, na pengine nimeiharibu kwa tahajia mbaya. Utanizungushia duara nyekundu, nitazipokea zote. Lakini mimi nina mtoto atakayejifunza kusoma kwa vitabu vinavyotoka humu, na nataka atakapofika ukurasa ule aulize mafuta gani hayo, mama, nami niwe na la kumjibu.

Shangazi Nhàn ameichukua karatasi hiyo ya juu muda huu, ameisoma akiwa amesimama, ameteremka nayo anakimbia, yeye mwenye magoti mabovu. Nimebaki na hii ya mwisho, ya shukrani. Tunakushukuru kwa matofali, kwa mabano ya harusi, kwa nyungo za matope. Tunakushukuru kwa kila mkato. Wajukuu wa wafanyakazi wenzako wanaomba usiwasahihishie barua zao za mapenzi, au basi uzirudishe haraka. Mkeo anaomba usimletee nguruwe mwingine. Tunakutakia afya, macho mazuri, chai isiyopoa, na maisha marefu yenye

Fundi Tuất ananiita kutoka chini, sauti yake siyo ile ya utani. "Ngát! Ngát, teremka! Mkurugenzi ameketi kwenye ngazi na karatasi yako, anauliza zile kurasa mbili zilizokatwa, za kopo, Trạm bado anazo? Anasema kama anazo tupange sasa hivi, Baba Mkubwa azitie sahihi kabla ya saa tisa!"

Anazo, Fundi, anazo, nimeziona kwa macho yangu, ziko kwenye